Tunapocheka Mbele ya Televisheni, Tunamcheka Nani?

Sisi tuko huku Isansa, wilayani Mbozi. Kahawa imechumwa, imemenywa, sasa iko juu ya vichanja, na kila wingu likipita tunakimbia kuifunika.

Mwezi huu tungependa tuzungumze juu ya kicheko. Huenda mama mmoja atauliza, "Jamani, hata kucheka nako kuna mafunzo?" Nasi tungeuliza hivyo hivyo kama si jambo lililotupata nyumbani msimu huu wa mavuno. Lilianza na kichekesho cha televisheni, likaishia kwa mama mzazi kuacha kuzungumza na mwanawe. Tutalisimulia lote, hata pale linapotuaibisha, kwani aibu iliyofichwa haimfundishi mtu.

Jioni ile

Kama ilivyo kwa nyumba nyingi za huku, baba watoto anatafuta riziki Tunduma, mpakani, na hurudi mara moja au mbili kwa mwezi. Nyumbani tunabaki sisi, watoto, na mama yake mzazi, ambaye ana kijumba chake ng'ambo ya ua. Mama huyu amezaliwa na kukulia katika Kinyiha. Kiswahili anakijua vizuri, ila "r" na "l" hupishana mdomoni mwake, na anapozungumza kwa simu hupaza sauti sana, kana kwamba anataka Tunduma wamsikie hata bila simu.

Jioni moja majirani waliokuja kutusaidia kuchuma kahawa walibaki wale nasi. Televisheni ilikuwa ikiwaka kwa umeme wa sola, na kulikuwa na kichekesho cha mzee wa shamba aliyefika mjini kwa mara ya kwanza, anasalimia kila mtu barabarani na hakuna anayemwitikia. Watu wakacheka. Ndipo kijana wetu wa miaka 11 akainuka, akajitanda kanga ya bibi yake iliyokuwa kwenye kamba, akashika mwiko sikioni kama simu, akapinda mgongo, akaanza: "Halo! Halo! Habali ya huko! Umekula? Umekula nini? Ugali? Na nini?"

Wapendwa, ilikuwa ni bibi yake mtupu! Shingo ni ile, mkono kiunoni ni ule. Majirani walishika mbavu. Na sisi tulicheka kuliko wote, hadi machozi yakatutoka, hadi tukamwambia mtoto, "Hebu rudia!" Akarudia. Alipokuwa akirudia tuligeuza macho mlangoni, tukamwona mama amesimama na ungo wa maharage mkononi. Hakusema neno. Aliuweka ungo chini taratibu, akageuka, akavuka ua kwenda kwake.

Siku zilizofuata hakukuwa na ugomvi. Salamu aliitikia, chakula alikula. Lakini Jumapili, siku ambayo baba watoto hupiga simu, hakuipokea. Alimpa binti yetu mkubwa akamwambia, "Sema wewe. Mwambie mama yake hajambo." Jumapili ya pili ikawa vivyo hivyo. Jumapili ya tatu baba watoto akatuuliza sisi, "Mama anaumwa? Mbona mnanificha?" Hatukuwa na jibu. Mama mzima wa afya, mwenye mwana anayempenda, alikuwa ameanza kuionea haya sauti yake mwenyewe.

Je, kosa ni la televisheni?

Jambo la kwanza lililotujia akilini ni kuizima televisheni na kupiga marufuku vichekesho. Ndivyo tufanyavyo wengi wetu akina mama: mtoto akikosea, tunatafuta chombo cha kulaumu. Lakini tulipotulia tuliona kwamba vichekesho ni wenzetu wa siku nyingi, na vimetufaa.

Kabla ya televisheni kulikuwa na redio. Nani katika watu wa umri wetu hakuwasikia Pwagu na Pwaguzi wa Redio Tanzania? Familia nzima ilikaa kuizunguka redio moja, na walipomaliza, kila mtu alikuwa ametambua katika ujanja wao jirani yake mmoja, ingawa hakuna aliyejitambua mwenyewe. Zanzibar walipata televisheni mwaka 1973, nayo ilikuwa ya rangi. Sisi wa Bara tulingoja hadi mwaka 1994, vituo vya watu binafsi vilipoanza kurusha matangazo kutoka Dar es Salaam, na huku vijijini tulingoja miaka mingi zaidi.

Katikati ya miaka ya 2000 kikaja kikundi cha vijana waliojiita Ze Comedy, kupitia EATV. Mwaka 2008 wakahamia TBC1 na kuitwa Orijino Komedi. Mtakumbuka majina yao: Joti, Masanja Mkandamizaji, Mpoki, Wakuvanga na wenzao. Waliigiza wasomaji wa habari, wanamuziki na wakubwa wa nchi, lakini zaidi waliigiza mambo yetu ya kila siku: msiba, harusi, foleni, mpangaji na mwenye nyumba. Joti huyo huyo huwa mzee, kesho huwa mama, keshokutwa huwa mtoto anayedeka.

Tazameni jambo moja dogo katika majina hayo. Masanja ni jina la Kisukuma, lakini aliyelibeba ni Emmanuel Mgaya, ambaye baadaye alijulikana pia kwa nyimbo za Injili. Mpoki ni jina la majirani zetu Wanyakyusa, lakini aliyelibeba ni Silvery Mujuni, na Mujuni ni jina la upande wa Bukoba. Yaani vijana hawa walivaa majina ya makabila ya wengine wakacheza nayo mbele ya nchi nzima, na nchi ikacheka.

Kenya nako ni hivyo hivyo. Kwa miaka mingi walikuwa na kipindi cha Vitimbi, cha Mzee Ojwang na mkewe wa kwenye mchezo, Mama Kayai. Mzee Ojwang alizungumza Kiswahili chenye lafudhi nzito ya Kijaluo, na watu waliipenda lafudhi ile. Lakini mwenyewe, Benson Wanjau, alikuwa Mkikuyu! Mwaka 2009 Kenya hiyo hiyo ikapata The XYZ Show, kipindi cha vikaragosi vinavyoiga sura na sauti za viongozi. Mwanzilishi wake ni mchora katuni Gado, yaani Godfrey Mwampembwa, Mtanzania mzaliwa wa Dar es Salaam, mwenye jina linalosikika kama la nyanda zetu hizi.

Wala mtu asidhani ni Afrika peke yake. Huko Kanada, nchi ya baridi na mashamba ya ngano, walikuwa na kipindi kilichoitwa Corner Gas, kati ya mwaka 2004 na 2009. Kilihusu kituo cha mafuta katika kijiji cha kutunga katika jimbo la Saskatchewan. Hapakuwa na vita wala wizi mkubwa. Watu wananunua mafuta, wanakunywa kahawa, wanabishana juu ya mambo yasiyo na maana. Na kila linapotajwa jina la kijiji cha jirani, wote hutema mate chini! Aliyekitunga, Brent Butt, ni mtoto wa jimbo hilo hilo, na watu wa huko walikipenda kwa sababu aliyekuwa akiwacheka alikuwa mmoja wao.

Basi kama Wakikuyu, Wajaluo, Wasukuma, Wanyakyusa na Wakanada wamechekwa hadharani wakafurahi, kwa nini mama yetu aliumia ndani ya nyumba yake mwenyewe? Swali hilo lilitukosesha usingizi.

Utani una sheria

Jibu tulilipata kwa mama mmoja mzee, jirani yetu, tuliyemwendea kwa ushauri. Alitusikiliza hadi mwisho, kisha akatuuliza, "Mmesahau utani?"

Wapendwa, sisi wa nchi hii tulikuwa na vichekesho kabla ya umeme. Wangoni na Wahehe, waliopigana vita zamani, wakawa watani. Wanyamwezi na Wazaramo ni watani. Mtani aweza kukuita mwizi, mchoyo, mla panya, nawe usikasirike. Na mahali pengi, mtu akifa, mtani wake hufika msibani akavaa hata nguo za marehemu, akaiga alivyotembea, alivyokohoa, alivyodai madeni yake, na wafiwa waliokuwa wakilia huangua kicheko katikati ya machozi. Je, si ndicho hicho anachokifanya Joti?

Lakini utani haukuwa ruhusa ya bure. Ulikuwa na sheria zake, na mama yule alituhesabia kwa vidole. Ya kwanza, anayechekwa naye ana haki ya kucheka. Ukinitania leo, kesho zamu yangu. Ya pili, anayecheka ana kazi. Mtani yule aliyeiga kikohozi cha marehemu ndiye huyo huyo anayechota maji, anayepasua kuni, anayeshika jembe kaburini. Ya tatu, si kila mtu ni mtani wa kila mtu. Kuna watu wa kutaniana, na kuna watu wa kuheshimiana.

Hapo ndipo mama yule alipotutazama usoni. "Mjukuu na bibi yake ni watani tangu mtoto anazaliwa," alisema. "Bibi humwita mjukuu mume wangu, na mjukuu humjibu atakavyo. Mtoto wenu hakuvunja sheria yoyote. Lakini mkwe na mama mkwe wana utani gani?"

Tulinyamaza. Tangu jioni ile tulikuwa tumemgombeza mtoto, tumemnyima televisheni, tumemwita hana adabu. Kumbe mtoto alikuwa na haki ya kumwiga bibi yake. Sisi ndio hatukuwa na haki ya kucheka, sembuse kusema "Hebu rudia!" mbele ya majirani. Mama hakuumizwa na mdomo wa mjukuu. Aliumizwa alipoona meno ya mkwewe.

Tena tulikumbuka la Wakenya. Mzee Ojwang alipozeeka na macho yakamsumbua, watu waliokuwa wakimcheka kwa miaka yote hiyo walichangishana fedha ili atibiwe. Alipofariki mwaka 2015 walimlilia kama baba yao. Kicheko kile kilikuwa na kazi ndani yake. Sisi tulikuwa tumecheka bure.

Tulivyokwenda kwa mama

Jumamosi jioni tulivuka ua. Tulichukua kilo mbili za sukari na kanga mpya, na yule jirani mzee akatangulia kama ilivyo desturi, kwani neno zito halibebwi na mtu mmoja. Tulipiga magoti tukasema, "Mama, tulicheka vibaya. Tunaomba utusamehe."

Alikaa kimya muda mrefu akichambua mchele. Kisha akasema, "Yule mtoto ni mume wangu, na mume mjinga huchekesha. Lakini wewe, mwanangu, uliposema arudie, ulitaka uone nini?"

Hatukuwa na la kujibu, wala hatukujitetea. Tukasema tu, "Tumekosa, mama." Baada ya muda akasogeza ungo, akatuonyesha pa kukaa, tukachambua mchele pamoja mpaka giza likaingia. Hatuwezi kusema kwamba mambo yote yalikwisha jioni ile. Moyo wa mtu mzima si taa ya kuwasha na kuzima.

Kijana naye aliitwa. Bibi alimsomea hukumu yake ya utani: kwa kuwa amechukua sauti yake bila kulipa, atamchotea maji wiki nzima, ndoo mbili asubuhi na mbili jioni. Alichota. Na kila alipofika na ndoo, bibi alimsimulia jambo moja la zamani: namna babu yake alivyomlipia mahari, namna walivyotembea kwa miguu kupeleka kahawa. Siku ya nne mtoto alichota ndoo ya tano bila kuambiwa.

Na sasa sikilizeni. Wiki ile ilipokwisha, jioni moja tulipokuwa wote uani, mama aliinuka bila kuaga. Akachukua kisahani, akakishika juu kama simu, akapanda juu ya kichuguu kilichoko nyuma ya jiko, akazunguka akitafuta mtandao, shingo imenyooka kama kuku anayekunywa maji, huku akiita kwa sauti nyembamba ya madaha: "Halo, baba watoto? Unanisikia? Sasa unanisikia? Na sasa je?" Watoto walianguka chini. Yalikuwa ni sisi matupu! Uso wetu ulichoma kama pilipili, na hapo ndipo tulipojua kwa mwili wetu jinsi inavyokuwa kuigwa mbele ya watu. Lakini tulicheka, na tulicheka kwa haki, kwani zamu yake ilikuwa imefika.

Kesho yake ilikuwa Jumapili. Simu ilipolia, mama aliinyosha mikono yote miwili kuipokea. "Halo! Habali ya huko! Umekula?" Nadhani hata waliokuwa barabarani walisikia. Hakuna aliyecheka, na hakuna aliyeinama kujizuia.

Tufanye nini akina mama?

Tunajua kwamba katika nyumba nyingi televisheni haizimwi, na watoto sasa wanatazama vichekesho hata kwenye simu. Hatuwashauri kuwafungia. Kicheko ni cha thamani. Hata Sara alipompata mwana katika uzee wake, mtoto aliitwa Isaka kwa sababu ya kicheko. Tunawashauri mambo haya machache, ambayo sisi tumeyalipia.

Kwanza, tazameni pamoja nao, na kichekesho kikiisha waulizeni: "Aliyechekwa hapa ni nani?" Kama ni mkubwa aliyejivuna, mchoyo, mpokea rushwa au mwenye nyumba mdhalimu, basi kicheko kimefanya kazi nzuri. Kama ni kilema, mjane, mgonjwa au mtu asiye na kosa ila lafudhi ya kwao, waulizeni tena: "Naye angekuwa amekaa hapa na sisi, angecheka?" Mtoto wa miaka 7 anaweza kulijibu swali hilo.

Pili, msiwaonee haya wazee wenu kwa ajili ya lugha. Huku kwetu tunasikia watoto wakichekana shuleni kwa sababu mmoja "anaongea kama bibi". Kiswahili ni chetu sote, lakini kila mmoja wetu amekijia kwa njia ya kwao. Mtoto anayejua Kinyiha cha bibi yake na Kiswahili cha shule ana vibuyu viwili vya maji, wala hajapungukiwa. Na atakayeona haya ya lafudhi ya bibi leo, kesho ataona haya ya mama yake.

Tatu, mtoto akiwa na kipaji cha kuigiza msikizime. Wale mnaowaona kwenye televisheni walikuwa watoto wa mtu, waliwahi kuiga mwalimu na mchungaji. Mfundisheni tu sheria ya mtani: ukimwiga mtu, uwe tayari akuige, na uwe wa kwanza kumchotea maji. Asiyeweza kumsaidia mtu hana ruhusa ya kumcheka.

Nne, na hili ni letu sisi wakubwa. Kabla ya kumgombeza mtoto kwa kumdharau mtu, tujikague tulikuwa tumekaa wapi alipokuwa akifanya hivyo, na meno yetu yalikuwa wapi. Watoto huigiza pale panapopigiwa makofi. Mtoto wetu asingerudia kama sisi tusingesema arudie.

Tunamalizia hapa, kwani wingu limefunga upande wa mashariki na kahawa bado iko wazi. Mama anatuita kutoka uani, kwa sauti yake ile ile. Kijana amekwisha kimbia na turubai, naye anamwitikia kwa lafudhi yake, na bibi anamjibu kwamba mume wa namna hiyo atamrudisha kwao. Wanacheka wote wawili. Sisi tunatabasamu tu kidogo, kama inavyompasa mkwe.

Hadi mwezi ujao, kaeni salama.